Ng'ombe Mmoja, Kamba Tatu

Kata nzima ya Kigera ilikuwa imekubaliana kwamba Nyamhanga anagombea udiwani. Waliokuwa hawajaambiwa ni Nyamhanga mwenyewe na mkewe Boke, ambaye habari hiyo aliipatia gengeni kwake, akimpimia mteja dagaa.

"Mama Flora, mwambie Mheshimiwa atukumbuke na sisi wa mtaa wa chini," mteja alisema, akisogeza ndoo ya sado ipate nyongeza.

"Mheshimiwa gani?"

"Haya, fanya siri. Sisi macho tunayo."

Macho kweli walikuwa nayo, ila walichokiona walikisoma vibaya. Walimwona fundi wa mageti, mtu mpole ambaye zamani ukimsalimia alikujibu na kurudi kwenye chuma chake, ghafla ana maneno kama dalali wa mnadani. Waliona geti la Mwalimu Makongoro wa kwaya limefungwa bure, na rangi juu. Waliona mjane wa jirani amepewa madirisha mawili ambayo yalikuwa oda ya mtu mwingine. Waliona koti la suti, lile lile la harusi yake, likipita mtaani mgongoni mwa mtu aliyekuwa ameuliza tu njia ya Buhare. Sasa mtu anayetoa namna hiyo, tena uchaguzi wenyewe uko mbali, utasema ni nini kama si mjanja aliyeamua kuanza mapema? Tumeshazoea. Fadhila zikizidi, tunangoja fomu.

Boke ndiye aliyeyajua ya ndani. Wiki ya tatu ilikuwa inakwisha, na mumewe alikuwa halali zaidi ya saa mbili kwa usiku. Alikuwa akizunguka chumbani akipanga kiwanda cha mageti kuanzia Musoma hadi Bunda, na kikishasimama hicho, geti la ziwa lenyewe, ili samaki wasihamie upande wa wenzetu. Siku ya kwanza Boke alicheka. Ya pili alicheka kidogo.

Kilichomuuma zaidi ni kwamba mwanzoni yeye mwenyewe alikuwa amemshukuru Mungu. Mwaka jana Nyamhanga alilala miezi karibu mitatu ameugeukia ukuta, haongei, hali, haogi mpaka abembelezwe. Majirani walisema uvivu, mama yake akasema katupiwa kitu. Alipoamka mwenyewe, taratibu, Boke alipeleka kanisani sado nzima ya dagaa na jogoo mmoja wa shukrani. Kwa hiyo furaha hii mpya ilipoingia nyumbani aliikaribisha na kuipa kiti. Nani anaifukuza furaha?

Siku hiyo ya habari za udiwani alifunga genge mapema akaenda karakana. Alimkuta mumewe anachomelea, cheche zinamrukia usoni, macho wazi, mekundu kama ya mtu aliyelia msibani.

"Baba Flora! Miwani yako iko wapi?"

"Nimempa Gibson. Mimi siihitaji tena, mke wangu. Moto unanijua."

Gibson, mzee wa kutengeneza pikipiki banda la pili, alicheka huku ameivaa miwani hiyo kichwani. "Mheshimiwa ana bahati yake, shemeji. Muache."

"Na Jumamosi Gibson anamchukua Nyota kule kwa kaka," Nyamhanga alisema. "Kijana wake anaoa. Nimemwambia aende na kamba tu."

Nyota alikuwa ng'ombe mwekundu mwenye doa jeupe kwenye paji, anayetunzwa kijijini Butiama kwa Eliud, kaka mkubwa wa Nyamhanga. Alikuwa anakamuliwa kwa ajili ya Ghati, mama yao. Kwao, mtoto wa kiume anaweza kugombana na dunia nzima, lakini ng'ombe wa maziwa ya mama hasogezwi mpaka mama mwenyewe aseme.

"Nyota ng'ombe ya mama?"

"Ng'ombe ni ng'ombe, Mama Flora. Unakuwaga na roho ndogo, wewe."

Jioni ile Boke alimpigia simu mama mkwe. Alijaribu kueleza kwamba Nyamhanga anaumwa, na alipoulizwa anaumwa nini, akajikuta anasema, anatoa vitu.

"Anatoa vitu?" Ghati aliuliza. "Huo ndiyo ugonjwa? Mtoto wangu alilala mwaka mzima kama maiti, leo Mungu amemnyanyua, anasaidia watu, wewe unaona ugonjwa? Kutoa ni moyo, mwanangu. Wewe moyo huo huna."

"Mama, na Nyota je? Anataka..."

Simu ilikuwa imeshakatwa. Boke alibaki ameishika mkononi, na aibu ikampanda kama homa, maana hata masikioni mwake mwenyewe alisikika kama mke mchoyo anayetafuta njia ya kumfunga mume mkono.

* * *

Jumatano alikwenda hospitali ya serikali mjini bila kumwambia mtu. Dirishani kijana wa mapokezi hakunyanyua kichwa.

"Mgonjwa nani?"

"Mume wangu."

"Yuko wapi?"

"Kazini."

"Anaumwa nini huyo aliyeko kazini?"

Boke aligeuka kuangalia nyuma. Kwenye foleni alikuwepo mteja wake wa dagaa, yule yule wa mtaa wa chini, ameshatega sikio.

"Kichwa," alisema kwa sauti ndogo.

"Kinamuuma?"

"Hapana. Kichwa tu."

Kijana alisimamisha kalamu. "Mama, kichwa cha nje au cha ndani?"

Boke aliomba ardhi ipasuke, ardhi ikaona ina kazi nyingine.

"Cha ndani."

"Korido ya pili, mwisho kabisa, mabenchi ya Sista Tereza!" Alilisema hilo kama anayeita abiria. Boke alitembea ile korido akihisi macho ya mteja wake mgongoni mpaka alipokata kona.

Sista Tereza alikuwa nesi wa makamo, mfupi, mwenye viatu vya raba na sauti ya mwalimu wa darasa la kwanza. Alikuwa anawapanga watu kama mtu apangaye vyombo kabatini. "Wewe bibi si wa hapa, njoo benchi hili. Mama kichanga, sogea huku, hapo mbele watakukanyagia mtoto. Na wewe," alimwambia Boke, "benchi lako lipi?"

"Sijui, Sista."

"Hapa mbele ni watoto. Wa kifafa, wa kutoongea, wa kuogopa shule. Hao ni wazee wanaosahau njia ya kwao. Huyu mwenye kichanga amejifungua mwezi uliopita, halafu analia tu, na mtoto anamwogopa. Ukutani ni pombe na bangi. Yule aliyekaa na askari ametoka mahakamani, hakimu anataka kujua kama alijua anachofanya. Kwenye hospitali kubwa kubwa, mama, kila benchi lina daktari wake, aliyesomea benchi hilo moja maisha yake yote. Hapa daktari ni mmoja, na mimi. Sasa niambie, nikuweke wapi?"

"Mimi mzima. Ni mume wangu. Anatoa vitu."

Alingoja kicheko. Hakikuja. Sista Tereza alimshika bega, akamwingiza ofisini na kufunga mlango.

"Analala kwa saa ngapi?"

Ni swali dogo, lakini katika wiki tatu hizo hakuna mtu aliyekuwa ameliuliza. Wengine wote waliuliza kwa nini hataki mumewe atoe. Boke alilia pale pale, akalia vizuri, na Sista Tereza akamwacha amalize. Ndipo akaeleza yote: koti, madirisha, geti la ziwa, miwani, ng'ombe. Akaulizwa kama mtu huyu aliwahi kuwa kinyume chake, akaeleza na ule ukuta wa mwaka jana.

"Ule ukuta na hili koti ni kitu kimoja," Sista alisema. "Kuna wagonjwa mioyo yao inashuka mpaka chini kabisa, halafu siku nyingine inapanda mpaka inapitiliza. Ikiwa chini, watu wanasemaga mvivu. Ikiwa juu, wanampigia makofi. Siwezi kusema ni huo mpaka daktari amwone. Lakini mlete. Haraka, kabla hajapata ajali."

"Na akikataa?"

Badala ya kujibu, Sista Tereza alisogeza mlango. Nyuma yake, kwenye msumari, zilining'inia kamba: za katani, za nailoni, mkanda wa suruali, khanga iliyosokotwa ikawa ngumu.

"Hivi ndivyo watu wangu wanavyofikaga hapa. Mgonjwa akifunguliwa, ndugu wanasahau kamba. Hakuna hata mmoja amewahi kurudi kuiulizia." Alirudisha mlango. "Tafuta mtu ambaye yeye anamsikiliza. Na usimdanganye kwamba mnakwenda sokoni, halafu umlete hapa. Atafika siku hiyo moja tu, hutampata tena. Namba yangu hii. Jumamosi niko zamu ya mchana."

* * *

Jumamosi asubuhi Boke alikuwa Butiama kabla ya Gibson. Nyamhanga alikuwa ameaga kwamba atakuja baadaye, ana mazungumzo na watu wa kiwanda, watu ambao hawakuwepo. Eliud alimpokea shemeji yake kwa heshima iliyopoa.

"Umekuja kuzuia ng'ombe, shemeji?"

"Nimekuja kwa ajili ya ndugu yako."

"Ndugu yangu ni mzima. Alinipigia juzi, tumecheka mpaka basi." Eliud alitazama pembeni. Alikuwa mtu wa haki, na kwa kuwa alikuwa wa haki hakupenda kesi ya mke na mume iletwe kwenye zizi lake. Mama Ghati alikuwa amekaa kwenye kigoda anachambua mtama, na salamu ya mkwe aliipokea bila kunyanyua macho.

Gibson alifika na kamba mpya ya nailoni ya bluu. Hajamaliza kunawa vumbi, akaingia Mwalimu Makongoro na kamba ya katani mabegani, anavuma wimbo. Chai haijachemka, ikaingia pikapu kutoka Bunda, akashuka Mhoja, mkulima wa pamba wa Manyamanyama ambaye Nyamhanga aliwahi kumtengenezea geti la ghala. Yeye kamba yake ilikuwa nene, ya kufungia marobota.

Sisi watu wa huku tuna adabu ambayo siku nyingine inatuponza. Hakuna anayemuuliza mgeni amefuata nini kabla ya chai. Kwa hiyo watu watatu walikaa benchi moja, kamba tatu chini ya miguu yao, wakanywa chai na viazi vitamu, wakasifu mvua, na kila mmoja aliamini wale wawili wamekuja kuwa mashahidi wake.

Gibson ndiye aliyechoka kwanza. "Basi mzee Eliud, tusikuchelewesheni. Tumtoe Nyota jua halijawa kali."

"Ndiyo, ndiyo," alisema Mwalimu Makongoro, "kwaya nzima inamsubiri."

"Kwaya inamsubiri nani?" Mhoja aliuliza.

"Nyota."

"Nyota yupi?"

"Huyo mwenye paji jeupe. Nyamhanga ameitolea kwaya, tupate kinanda."

"Ametolea nini? Huyo nimepewa mimi Jumatatu! Gari lile pale, limekuja kumbeba!"

Eliud aliweka kikombe chini. Alitazama kamba ya kwanza, ya pili, ya tatu, halafu akatazama zizini, ambako Nyota alikuwa anacheua bila habari kwamba ameolewa na wanaume watatu. Mama Ghati aliacha kuchambua mtama.

Ndipo Nyamhanga akaingia. Alikuwa juu ya bodaboda, amekaa ameangalia nyuma, anahutubia barabara. Alishuka kabla pikipiki haijasimama, karibu aanguke, akaja mikono wazi. Machozi yalikuwa yanamtiririka mfululizo kwa ule moto wa kuchomelea, wala hakujishughulisha kuyafuta.

"Mmefika! Kila mtu kamba yake? Safi sana, mura, wanaume wenzangu!"

"Nyamhanga," Eliud alisema polepole, "huyu ng'ombe umempa nani?"

"Wote."

"Ng'ombe mmoja?"

"Kaka, wewe unahesabu kizamani. Kila mtu ampate mzima. Na wewe nimekupa. Na mama. Na huyu wa bodaboda nimempa njiani." Akacheka. Gibson akacheka naye kidogo, kwa mazoea ya kumchekea Mheshimiwa, halafu akaacha. Nyamhanga hakuacha. Aliendelea kucheka peke yake, muda mrefu, na ni hapo Boke alipomwona Eliud anabadilika sura. Kaka mtu alikuwa amesikia alichokuwa anakisikia Boke wiki tatu.

"Mimi nilijua anagombea," Gibson alinong'ona. Aliivua ile miwani kichwani, akawa hajui pa kuiweka.

Mwalimu Makongoro alisimama. "Huyu si mzima. Tumfunge tumpeleke kwenye maombi. Gibson, shika mkono ule. Kamba zipo."

Alisema hivyo kwa nia njema, na nia njema ikiwa na kamba mkononi inatisha. Nyamhanga aliona nailoni ya bluu inakuja upande wake. Kicheko kilikatika. Alirudi nyuma mpaka mgongo ukagota kwenye zizi, akachomoa boriti la mlangoni, akalishika kwa mikono miwili. Mikono hiyo inanyanyua geti la chuma peke yake. Mhoja akapiga hatua, Eliud naye, na Boke akaona wazi jinsi siku hiyo itakavyokwisha: mtu mmoja kichwa kimepasuka, na mumewe amelazwa kifudifudi kwenye samadi, amefungwa, na hatasahau.

Aliingia katikati. Aliikwapua kamba mkononi mwa Gibson akaitupa mbali.

"Kamba hizi zimekuja kwa ajili ya ng'ombe," alisema, na sauti ilimtoka kubwa kuliko alivyotegemea. "Ng'ombe hatoki, na mtu hafungwi! Rudini nyuma. Shemeji, na wewe rudi!"

Wakarudi. Hata yeye alishangaa. Halafu akakaa chini, kwenye vumbi lile lile, mbele ya boriti, ili mumewe asione mtu wa kupigana naye.

"Baba Flora. Mwaka jana ulipougeukia ukuta, uliniambia mwili umekuwa mzito. Watu walisema uvivu. Mimi nilisema nini?"

Nyamhanga alikuwa anapumua kwa nguvu. Kwa mara ya kwanza katika wiki tatu alikaa kimya mpaka wengine wakapata hofu.

"Ulisema unaniamini."

"Nilikuamini na sikuona kitu. Leo na wewe niamini ingawa huoni kitu. Unaumwa. Ni ule ule wa mwaka jana, umegeuza shati tu. Kuna nesi mjini anaufahamu, nimekwenda kumuuliza. Sikudanganyi, nakupeleka kwenye kliniki ya akili."

"Mimi mzima! Sijawahi kuwa mzima hivi, Boke."

"Najua unajisikia hivyo."

Boriti halikushuka. Ndipo Mama Ghati alipoinuka kwenye kigoda, akatembea na magoti yake mabovu mpaka pale, akasimama nyuma ya mkwewe.

"Nyamhanga. Maziwa yangu umeyagawa mara tatu. Nani alikupa ruhusa?"

"Mama, nili..." Alitafuta. Ulionekana usoni, huo utafutaji, kama mtu anayepapasa mifuko ya nguo si zake. "Sikukuuliza?"

"Hukuniuliza."

"Mimi? Sikukuuliza wewe?"

"Hukuniuliza, mwanangu. Na wewe si mtoto wa hivyo. Nenda na mkeo. Yeye aliona, mimi nikamkatia simu. Nenda, na mimi nakuja."

Boriti lilishuka taratibu mpaka likagusa ardhi. "Nitakwenda," Nyamhanga alisema. "Lakini sikai nyuma kama mzigo. Nakaa mbele."

Mhoja wa Bunda, ambaye alikuwa amepoteza ng'ombe na mafuta ya gari kwa asubuhi moja, alikwenda kufungua mlango wa pikapu. "Kaa mbele, Mheshimiwa," alisema, na safari hii neno hilo halikuwa na utani hata chembe. Gari lililokuja kumbeba Nyota likaondoka na familia. Kamba tatu zilibaki zizini.

* * *

Alilazwa siku kumi na sita. Sitaki kuzipamba, hazikuwa nzuri. Siku za kwanza aliwahutubia wagonjwa wenzake, siku zilizofuata dawa zilimlaza mpaka akawa hawezi kushika kijiko sawasawa, na Boke akamlisha uji huku akijiuliza amemponya au amemvunja. Daktari alisema kama Sista Tereza alivyokuwa amehisi, akaongeza kwamba ugonjwa huu hauondoki moja kwa moja, unatunzwa, kama mtu wa kisukari anavyoutunza wake. "Usingizi ndiyo kengele yenu," alisema. "Ukianza kupungua, msingoje ng'ombe."

Kigera nayo ilifanya kazi yake. Waliokuwa wanamwita Mheshimiwa wakamwita Mheshimiwa Mstaafu. Mteja wa mtaa wa chini alimpa Boke pole nyingi gengeni, kwa sauti ya kutosha mtaa mzima. Wenye oda zao walikuja kudai, na mjane aliyerudisha madirisha aliyarudisha analia, akiomba radhi kwa kuyapokea. Gibson alikuja peke yake. Aliweka miwani ya kuchomelea juu ya meza ya karakana, akasimama sana.

"Nilidhani ni bahati, shemeji," alimwambia Boke. "Nilikula bahati ya mgonjwa."

"Hata mimi mwanzoni niliila," Boke alimjibu. Ilikuwa mara ya kwanza kulisema hilo mbele ya mtu.

Nyamhanga aliporudi alikuwa mzito, mwenye aibu, anasalimia watu akitazama viatu vyao. Eliud alimletea koti lake mwenyewe, la kahawia, refu kidogo mikononi, akasema tu, "Kuna baridi mjini." Ilimchukua wiki kadhaa Nyamhanga kuthubutu kuuliza mambo mengine.

"Hivi kweli nilisema nitajenga geti la ziwa?"

"Ulisema."

"La chuma?"

"Hukufika huko. Ulikuwa bado kwenye bawaba."

Alimtazama mkewe, mdomo ukamcheza, wakacheka wote wawili, kicheko kifupi cha watu wazima, kilichojua pa kuishia. Flora, binti yao, alikuja kuchungulia mlangoni aone kuna nini.

Flora ndiye aliyetoa daftari, moja la hesabu lililobaki nusu. Kila asubuhi Boke aliandika humo idadi ya saa alizolala mumewe. Sita. Saba. Saba. Tano na nusu, na siku hiyo alimpigia Sista Tereza kabla ya chai. Saba tena. Nyamhanga mwanzoni alilichukia daftari hilo, halafu akalizoea, na mwishowe akawa ndiye anayemkumbusha kuandika.

* * *

Mwezi wa nne tangu atoke wodini, walikuwa kwenye korido ya pili, mwisho kabisa. Benchi waliloketi lilikuwa jipya, miguu ya chuma. Nyamhanga ndiye aliyelitengeneza, na alipolileta alidai hela ya ufundi wake bila kupunguza, jambo ambalo lilimfurahisha Sista Tereza kuliko benchi lenyewe. Upepo wa ziwa ulikuwa mkali asubuhi hiyo, mvua inapiga kwa upande.

Walikuwa wa tatu kwenye foleni wakati wanaume wawili walipoingia na msichana katikati yao. Alikuwa wa umri wa Flora, labda kidogo zaidi. Mikono ilikuwa imefungwa nyuma kwa kamba ya katani, miguu peku, gauni limechanika bega zima, na alikuwa anatetemeka kwa baridi au kwa kitu kingine. Korido nzima iliinamisha macho, kwa heshima na kwa uoga. Sista Tereza alitoka mbio, akaanza kulegeza fundo huku akimsemesha kwa jina.

Nyamhanga alisimama. Alifungua kifungo cha kwanza cha koti la kahawia, na cha pili.

Hivi ndivyo ilivyoanza. Koti, mtu asiyemjua, na uso huo huo uliojaa huruma. Boke alitaka kumshika mkono amkalishe. Mkono wake ulishanyanyuka.

Nyamhanga aliuona. Hakukasirika. Alisimama pale pale, koti limevuka bega moja, akamngoja mkewe kama mtu anayengoja taa ya barabarani.

"Baba Flora," Boke alisema. "Jana ulilala kwa saa ngapi?"

"Saba. Umeandika mwenyewe."

Alimtazama macho. Yalikuwa meupe, yametulia, na yalikuwa yanaona baridi ya mtoto wa watu, basi.

"Haya," alisema Boke, na mkono aliokuwa amenyanyua kumzuia akautumia kumsaidia kuvua ule mkono wa pili. "Mpe."